Mguu wa Kushoto wa Edina

Loisi alipouona mguu wa mkamwana wake umevimba, alifurahi.

Ilikuwa Julai, msimu wa ule upepo wa Dodoma unaopasua midomo na kuingiza vumbi hadi ndani ya chumvi. Edina alikuwa amekaa kwenye kigoda uani kwake, Ihumwa, anasugua sufuria, na gauni lilikuwa limepanda juu ya magoti. Mguu wa kulia ulikuwa mguu wa siku zote. Wa kushoto ulikuwa umejaa kutoka kwenye kifundo mpaka karibu na goti, ngozi imevutika na kung'aa kama imepakwa mafuta.

"Una miezi mingapi?" Loisi aliuliza.

"Ya nini, mama?"

"Mwanangu, mimi nimezaa watoto saba. Usinifanye kama nimeingia mjini jana."

"Lakini si umeingia juzi, mama."

Wote wawili wakacheka, kwa sababu ilikuwa kweli. Loisi alikuwa ametoka Gulwe wiki ile ile, na mbuzi aliyekuja naye kama zawadi ya wajukuu alikuwa bado amefungwa nyuma ya choo, anakula kamba yake.

"Mguu wa kushoto ukitangulia, ni wa kiume," Loisi alisema. Aliinama, akaubonyeza kwa kidole gumba. Kidole kikaacha shimo ambalo halikujaa upesi. "Huyu ni Matonya. Ameamua kuja mwenyewe."

Edina aliinamia sufuria. Alijua hakuna Matonya. Hakuwa anabahatisha. Kila asubuhi, kabla ya kutunga uzi kwenye sindano, alifungua droo ya cherehani yake, akasogeza bobini na vipande vya chaki, akatoa kidonge kimoja na kukimeza bila maji.

"Labda ni kukaa sana, mama," alisema.

"Kukaa kunanenepesha makalio," Loisi alijibu. "Hapa si makalio."

Nieleze Edina alikuwa nani, maana mtu akishaanza kuumwa tunamfanya awe ugonjwa wake tu. Alizaliwa Gulwe, nyumba za jirani na reli, mahali ambapo mto ukijaa watu husimama juu ya tuta kuangalia kama njia ya treni bado ipo. Kushona alijifunza kwa shangazi yake. Serikali ilipohamia Dodoma na nyumba zikaanza kuota Ihumwa kama uyoga, yeye na mumewe Zablon walihamia huko na cherehani moja ya kukanyaga. Alishona sare, akashona vitenge vya kwaya, mwishowe akakuta riziki kwenye mapazia. Kila mtumishi aliyehamishwa kutoka Dar es Salaam alifika na madirisha yasiyo na kitu, na Edina alikuwa na jicho la madirisha. Alikuwa anaweza kusimama mlangoni mwa chumba, akakunja uso kidogo, akasema vipimo kabla hajafungua futi. Alipopata oda za ofisi alifunga mota kwenye cherehani, na tangu hapo miguu yake ikakaa kimya chini ya meza kutwa nzima huku mikono inakimbia.

Alipenda utani, aliimba sauti ya pili kanisani, na hakuwa mwoga. Hili nalisisitiza. Watu waliosema baadaye kwamba alikuwa mwoga hawakumjua.

Alikuwa na mabinti wawili. Uzazi wa pili ulimwacha kitandani akiwa mweupe kama unga. Damu ilitoka hadi wakunga wakaacha kuongea, wakawa wanaonyeshana kwa macho. Alipopona, daktari alimwambia apumzike miaka kadhaa, mwili wake hautastahimili kurudia haraka. Zablon alikuwepo, akaitikia kwa kichwa. Lakini Zablon ndiye mtoto pekee wa kiume aliyebaki wa marehemu mzee Matonya, na katika ukoo wao jina la babu haliachwi juu ya kaburi. Lazima lirudi nyumbani likiwa na miguu. Kwa hiyo kila alipokuja likizo kutoka Manyoni, ambako anaendesha boza la maji kwenye ujenzi wa barabara, alikuwa na swali moja, na aliliuliza kwa upole, akiwa amembeba binti mdogo shingoni.

"Mama Angelina, huyu mzee tutamsubirisha mpaka lini?"

Angelina ndiye binti mkubwa. Edina alicheka, akampakulia mlenda.

Zahanati ya jirani ilikuwa inatoa uzazi wa mpango bure. Edina hakwenda, kwa sababu muuguzi wa kitengo kile aliimba naye kwaya, na mama wa muuguzi alikuwa na Loisi katika umoja wa akina mama wa kanisa. Habari ingefika Gulwe kabla yeye hajafika nyumbani. Akamwambia Frida, mwenzake wa kazini, mwanamke wa Bukoba mwenye sauti ya kuvunja vyungu, aliyekuwa anashona upande wa pili wa meza.

"Mimi natumia vya majira mwaka wa nne huu," Frida alisema. "Sijawahi kuumwa hata kichwa. Ngoja nikuchukulie kwa Erick, duka la dawa. Shosti, hata hapindui macho."

Erick kweli hakupindua macho. Hakuuliza ni vya nani. Frida alileta pakiti iliyofungwa kwenye gazeti, Edina akaiweka kwenye droo, na kazi ya mapazia ikaendelea.

Hapa nataka nieleweke vizuri, kwa sababu najua wapo wanaume watakaosoma mpaka hapa kisha waite wake zao waje wasikie. Vidonge vile si sumu. Wanawake wengi mno wanavimeza na hawapati lolote zaidi ya kichefuchefu cha mwanzo, na vimewaokoa wengine na uzazi ambao ungewaua. Lakini ni dawa. Ile yenye homoni mbili ndani yake inaweza, kwa wachache, kuifanya damu ishikane ndani ya mshipa, hasa ya mguu. Wachache hao mara nyingi wanaweza kutambulika mapema kwa maswali. Presha yako ikoje? Unavuta sigara? Kichwa kinapokuuma, huwa unaona vimulimuli kwanza? Umejifungua karibuni? Kuna ndugu yako wa damu aliyewahi kuvimba mguu mmoja akafa ghafla?

Edina angelijibu swali hilo la mwisho. Mama yake mdogo alianguka Gulwe akianika nguo, siku chache baada ya kulalamika mguu, na ukoo ukatumia mwaka mzima kutafuta jirani aliyemroga. Ndugu wawili mpaka leo hawasalimiani kwa sababu ya jambo hilo. Frida, aliyepitia kliniki, aliulizwa maswali hayo yote na kupimwa presha. Edina hakuulizwa hata moja. Alipata dawa, akakosa maswali, na katika nchi yetu tunadhani maswali ni mapambo ya dawa.

Loisi alianza kumchua jioni ile ile.

Mikono ya Loisi ilikuwa na sifa kuanzia Gulwe mpaka Kidete. Waliojifungua walikandwa naye, walioteguka waliletwa kwake kwa baiskeli, na hata mpiga mbiu wa kijiji, aliyekuwa haamini mtu, alimwamini yeye kwa kiuno chake. Alichemsha maji na chumvi, akamlaza Edina kwenye mkeka, akapaka samli, akaanza kukamua kutoka kwenye kifundo kwenda juu, polepole, kwa uzito wa mabega yake yote. Alikuwa anaimba wimbo wa kanisani kwa Kigogo, puani.

"Mama, inauma."

"Iache iume. Maji yanapanda."

"Ni ndani kabisa, mama. Kama mshipa umejikunja."

"Ndipo hapo hapo ninapopataka." Akabonyeza. "Matonya mzee naye alikuwa hivi hivi. Mbishi. Ukimsogeza kulia, anakwenda kushoto."

Edina aliuma ncha ya khanga. Juu yake aliuona uso wa mwanamke aliyekuwa na furaha ambayo hajawahi kumwona nayo tangu amzike mumewe. Mama yake Edina alikufa zamani. Hakuna mtu mwingine duniani aliyewahi kumwosha miguu.

Kesho yake Loisi alimkataza kukaa kwenye cherehani. Mguu wa mimba haukanyagi, alisema. Edina akalazwa kitandani kama yai, akaletewa uji wa uwele, akazuiwa hata kwenda bombani. Jioni akachuliwa. Siku iliyofuata akachuliwa tena. Uvimbe haukushuka. Ulivuka goti, na mguu ukawa na joto lake wenyewe, ukigusa unajua kwamba hapa kuna kitu kinafanya kazi. Loisi aliliona hilo akasema mtoto ana nguvu. Alimpigia simu Zablon. Edina, akiwa kitandani, alisikia sauti ya mumewe ikitoka kwenye spika, inacheka, inawaita wenzake kwenye boza waje wasikie.

Baada ya hapo kusema kukawa kugumu mara mbili.

Ni Edina mwenyewe aliyeshikilia waende zahanati. Loisi akakubali, ila mkamwana aliyebeba jina haendi peke yake; akavaa kitenge chake cha umoja na kumsindikiza, bega kwa bega, hadi ndani ya chumba cha tabibu.

Tabibu aliitwa Brighton, kijana aliyekuwa na macho mekundu ya mtu anayefanya kazi ya watu watatu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, daktari. Nimekuletea mjamzito."

Chumba kile kilikuwa na mlango, ila mlango ulikuwa umezuiwa na benchi ili hewa ipite, na kwenye benchi walikaa wagonjwa wanne wanaosubiri zamu, shingo zimeingia ndani. Brighton aliutazama mguu. Akautazama tena. Akaomba mkojo upimwe, na majibu yakaja.

"Mama, hapa hakuna mimba."

"Kipimo chako kimezeeka," Loisi alisema.

Benchi likacheka. Mzee mmoja akasema hata cha mke wake kilisema hivyo, na sasa mtoto huyo yuko darasa la nne.

Brighton hakucheka. Alimgeukia Edina. "Dada, unatumia dawa yoyote? Sindano, vidonge, njia yoyote ya uzazi wa mpango?"

Lilikuwa swali lenyewe. Lilikuwa limefika, limechelewa lakini limefika, na jibu lake lilikuwa neno moja. Edina alimkazia macho, akijaribu kumwambia kwa macho amtoe mama nje, amwite pembeni, amfanyie lolote.

"Hatumii," Loisi alijibu. "Sisi vitu hivyo hatunavyo."

"Dada?"

"Hapana," Edina alisema.

Brighton alifungua mdomo tena. Naamini alikuwa anataka kusema mama atupishe. Lakini mwanamke mmoja alilipita benchi akiwa na mtoto anayetetemeka kwa degedege, povu mdomoni, na chumba kizima kikasimama. Edina na Loisi walijikuta nje na vidonge vya maumivu, wameambiwa mguu uwekwe juu ya mto, ukizidi warudi.

Simlaumu Brighton. Nalaumu lile benchi. Nalaumu sisi sote tuliolizoea, tunaojenga majengo ya ghorofa kilomita chache kutoka pale, yenye madirisha ambayo Edina mwenyewe aliyavika mapazia mazito ili wakubwa waongee bila kusikika, halafu mwanamke anaulizwa habari za tumbo lake la uzazi mbele ya mama mkwe na wagonjwa wanne. Unategemea aseme nini?

Frida alikuja kesho yake mchana, na kazi za pindo mkononi ili aonekane ameleta shughuli. Loisi alikuwa amekwenda kumtafutia mbuzi majani.

"Frida," Edina alisema kwa sauti ya chini, "wewe vile vidonge vilikuvimbisha miguu?"

"Mimi? Viliniongezea nyonga tu, na hizo nilikuwa nazihitaji." Kisha akauona mguu. Alishika ukingo wa kitanda. "Mmoja tu?"

"Mmoja tu."

"Unauma wapi?"

"Nyuma ya goti. Na shavu la mguu."

Frida alikaa. "Kule kliniki yule sista alituambia," alisema. "Mguu mmoja ukivimba na kuuma, au kifua kikuchome, au pumzi ikukate, au kichwa kiume ghafla na macho yaingie giza, acha hapo hapo ukimbie hospitali kubwa. Alituimbisha kama watoto wa chekechea."

"Hukuniambia."

"Sikukuambia."

"Ulisema hujawahi kuumwa hata kichwa."

"Na ni kweli, Edina. Mimi sijawahi." Sauti yake ilivunjika kidogo. "Nilikuletea dawa nikaacha maneno yake kliniki. Inuka, twende sasa hivi."

"Nitamwambia nini mama?"

"Mwambie chochote."

"Hawezi kuniacha niende bila yeye. Na akienda, watauliza tena. Zablon anakuja Jumamosi. Ngoja aje, nitamwambia yeye kwanza. Akisikia kutoka kwa mama yake, ndoa imekwisha. Niapie kwamba hutasema."

Frida aliapa. Alipotoka alimpita Loisi getini akiwa na mzigo wa majani kichwani, akamwamkia, akaondoka haraka kama aliyeiba.

Edina aliacha kumeza vidonge siku hiyo. Alidhani hilo linatosha, kwamba ukiacha kutia maji kwenye mtungi, yaliyomo yatakauka. Lakini damu iliyokwisha kuganda haijui kwamba umeacha. Ilikuwa imelala kwenye mshipa wa mguu wake, ndefu, laini, imeshika upande mmoja na upande mwingine unayumba. Na jioni Loisi alichemsha maji.

Asubuhi ya Alhamisi, Loisi aliamua kuchua mapema. Mguu ulikuwa mzito mno hadi Edina aliuinua kwa mikono miwili kuuweka kwenye mkeka. Samli ikapakwa. Wimbo ukaanza. Mikono ikapanda kutoka kwenye kifundo, ikapita kwenye shavu la mguu, ikafika nyuma ya goti, ikakaza.

Edina alishtuka kama aliyechomwa sindano ya gunia chini ya mbavu. Alitaka kuvuta pumzi, na pumzi ikasimama nusu. Akajaribu tena. Ikaja kidogo, na maumivu yakaja nayo. Alikohoa kwenye khanga, akaiangalia, na palikuwa na alama nyekundu, ndogo, si kubwa kuliko kifungo cha shati.

"Mama. Acha."

"Karibu inaisha."

"Mama, siwezi kupumua."

Loisi alisimamisha mikono lakini hakuiondoa. "Ni mtoto anapanda. Lala ubavu."

Nje bajaji ilisimama. Frida aliingia uani bila hodi. Usingizi ulikuwa umemkataa, akaamua kiapo kivunjike. Alipomwona Edina alivyokaa, mabega yanapanda na kushuka upesi upesi, midomo imeanza kuwa na rangi ya majivu, hakusalimia.

"Tunakwenda hospitali."

"Mjamzito hapandi hicho kitu," Loisi alisema. Alisimama kati ya mkeka na mlango. Alikuwa mwanamke mkubwa. "Barabara yote mashimo. Unataka amwagike? Tulia, binti. Mimi mambo haya nimeyaona kabla mama yako hajavunja ungo."

"Mama, utamuua."

"Nani? Mimi?"

Frida alimtazama Edina. Alikuwa na neno mdomoni, na Edina aliliona. Alikuwa na pumzi ya kutosha maneno machache, na alijua akiyaacha yasemwe na Frida, Loisi hatayaamini. Ataita wivu, ataita fitina ya mjini, na watabishana mpaka pumzi iishe.

"Mama," alisema. "Sina mimba. Nakunywa vidonge. Vya kuzuia."

Loisi hakugeuka mara moja.

"Tangu lini?"

"Mwaka jana."

"Kila siku?"

"Kila asubuhi."

"Kwa hiyo Matonya anabisha hodi kila asubuhi, na wewe unamfungia."

"Nilitaka hawa wawili wawe na mama," Edina alisema, na hapo pumzi ikaisha. Kichwa kikaanguka mbele.

Loisi aliitazama mikono yake, imejaa samli mpaka kwenye viwiko. Kisha akainama, akampitisha Edina mkono mmoja chini ya magoti na mwingine mgongoni, akamnyanyua kama anavyonyanyuliwa mtoto aliyelala, akatoka naye. Mguu ule ulikuwa unaning'inia. "Endesha," alimwambia dereva wa bajaji. "Ukikuta shimo, lizunguke. Ukikuta trafiki, mpite."

Katika hospitali kubwa mjini walimwekea hewa ya mtungi kwanza, ndipo daktari akaja. Aliitwa Generosa, mwanamke mfupi asiyepandisha sauti. Jambo la kwanza alilosema ni kwamba ndugu wote watoke.

"Mimi ninayajua tayari," Loisi alisema. "Anakunywa vidonge vya uzazi. Ameniambia leo."

Daktari alimtazama Edina, Edina akaitikia kwa kope. "Basi mama abaki. Mguu huu umechuliwa?"

"Umechuliwa."

"Na nani?"

"Mimi."

"Kwa nguvu?"

"Kwa nguvu zote nilizonazo, daktari. Nilikuwa nampokea mjukuu."

Generosa hakumkaripia. Ingekuwa afadhali angemkaripia. Alieleza kwa utulivu kwamba damu iliganda mguuni, kwamba mguu wa namna hiyo hauchuliwi kamwe, kwa sababu kipande kinaweza kukatika na kupanda na damu mpaka kwenye mapafu, na kwamba kipande kimepanda. Kuna vipande vidogo, mtu huumwa kifua akapona. Kuna vikubwa, mtu huanguka akianika nguo. "Huyu amepata cha katikati," alisema. "Mguuni kimebaki kingine. Siku hizi chache ndizo tunazoziogopa."

Edina alisikia maneno hayo, akamkumbuka mama yake mdogo na vibanio vya nguo vilivyotapakaa chini. Na ukoo ulitafuta mchawi mwaka mzima.

Siku mbili za kwanza zilikuwa ndefu. Alichomwa sindano tumboni. Kila alipokohoa, Loisi aliacha alilokuwa akifanya. Mama mkwe hakumgusa. Alimlisha kwa kijiko kirefu, alimfunika kwa ncha za vidole, na muda mwingine alikaa kwenye kiti cha plastiki ameikalia mikono yake. Hawakuzungumza habari za Matonya. Frida alileta uji na habari za Ihumwa: kwamba wanawake watatu wa mtaa wamesikia, wametupa vidonge vyao chooni, na mmoja wao ana kichanga cha miezi minne na mume asiyesikia la mtu. Hakuna aliyekwenda kliniki kuuliza kuna njia gani nyingine. Habari ilikuwa imetembea kama ilivyotembea dawa, bila maswali.

Jumamosi asubuhi, Generosa alipoona hatari imeanza kupungua, alikaa kitandani kwa Edina, Loisi akiwa pale pale. Mguu utabaki mnene kuliko mwenzake, pengine siku zote. Atakunywa dawa ya kuzuia damu kuganda kwa miezi, na dawa hiyo haipatani na mimba. Humharibu mtoto tumboni. Na hata baada ya dawa, mimba yenyewe hugandisha damu. Kwake mimba isiyo na uangalizi ni hatari kuliko vile vidonge. Vile asivimeze tena maisha yake yote. "Kuna kijiti cha mkononi, hakina homoni iliyokudhuru," alisema. "Tutazungumza ukipata nguvu. Lakini mimba sasa, hapana. Mmesikia wote?"

"Nimesikia," Loisi alisema.

Zablon alifika Jumamosi alasiri, viatu vyekundu kwa vumbi la Manyoni, mkononi mfuko wa ndizi. Alikuwa ameambiwa kwa simu tu kwamba mkewe amelazwa na mimba haipo. Alimshika Edina mkono, akakaa nao kwenye paja lake. Alikuwa analia, na hakujificha.

"Usihuzunike," alisema. "Pole sana, mama Angelina. Mungu ametoa, ametwaa. Ukitoka hapa upumzike mwezi mmoja, miwili. Mwakani tutajaribu tena. Huyu mzee hatuachi."

Kitanda cha jirani kilikuwa na mgonjwa na wageni wake, na wote walikuwa wamenyamaza kwa heshima ya machozi ya mwanamume. Edina alimtazama Loisi. Loisi alikuwa ameikalia mikono yake, uso umeelekea dirishani. Alikuwa amesikia kila neno la daktari.

Mirija ya hewa ilikuwa bado puani. Edina alijihesabia pumzi aliyo nayo, akajua inatosha.

"Sitazaa, Zablon," alisema, kwa sauti iliyofika kitanda cha pili na cha tatu. "Mimba haikuwepo. Nilikuwa nameza vidonge, vikanigandisha damu. Nikishika mimba sasa nitakufa, au atakufa yeye."

Zablon aliachia mkono wake. Aliangalia wageni wa jirani, akaangalia ndizi, akacheka kidogo kama mtu aliyesikia jina lake likiitwa kimakosa. "Huyu dawa zimemchanganya," alimwambia mama yake. "Anaongea nini?"

Loisi aligeuka kutoka dirishani. Alitoa mikono yake chini ya mapaja, akaiweka wazi magotini, ambapo mwanawe angeiona.

"Rudia, mwanangu," alimwambia Edina. "Huyu tangu utotoni huambiwa mara mbili."

Edina akavuta hewa, akarudia.